Miche Iliyokunywa Maji ya Udhu

Walisema sitaweza. Ndugu ya mama yangu, ambaye ana mikokoteni ya punda ya kuuza maji na ulimi unaouma kuliko kiboko cha punda, alisema mbele ya kikao kizima cha chai kwamba mti wa msitu wa mvua utaota Garissa siku fisi atakapoajiriwa kuchunga mbuzi. Mwenye duka la nguo lililo mkabala na msikiti wetu alisema nilikwenda ng'ambo nikarudi na wazimu wa bei ghali. Imamu alitabasamu tu akaangalia ndani ya kikombe chake, na huko nako ni kusema.

Niliwaacha wamalize. Kisha nikawakumbusha kwamba kati ya wote waliokaa pale, mwenye diploma ya misitu ni mmoja, naye ni mimi.

"Abti," mjomba akaniambia, kwa maana kwetu sisi Wasomali mjomba na mpwa huitana kwa neno hilohilo moja, "hakuna anayebisha kwamba unayo diploma. Tunauliza kama mti nao unajua kusoma."

Walicheka. Mimi sikucheka. Mtu aliyejijenga mwenyewe hana haraka ya kucheka.

Na nilijijenga mwenyewe, hilo sitalificha kwa unyenyekevu wa uongo. Niliondoka Garissa nikiwa sina kitu, nikaenda Arabuni, na kazi yangu ya kwanza ilikuwa kupangusa vumbi kwenye majani ya miti iliyopandwa ndani ya hoteli. Jani moja baada ya jingine, kwa kitambaa chenye maji, wakati nje jua linachemsha lami. Wenzangu waliona aibu kuisema kazi ile nyumbani. Mimi nilijifunza. Nilijua ni mti upi unaugua kabla ya msimamizi wangu kujua, na kwa sababu hiyo nikapandishwa hadi kwenye kitalu cha hoteli, na mshahara wa kitalu ndio uliolipa karo yangu niliporudi Kenya kusoma. Cheti changu kimetundikwa sebuleni kwa Eedo, dada ya baba yangu, ambaye ndiye aliyenilea na ndiye mwenye uwanja nitakaouzungumzia hapa. Kimekaa juu ya televisheni. Hakuna mgeni anayeingia asikione.

Sasa mti wenyewe. Msomaji asiyezijua pande zetu atauliza msitu wa mvua unatafuta nini katika nchi ambayo mvua yenyewe huja kama mgeni wa mbali. Jibu ni mto. Tana inabeba maji ya milima ya mbali na kuyapitisha katikati ya ukame wetu, na katika baadhi ya kona zake, chini ya mji, kuna vipande vya msitu mzito vilivyobaki tangu zama ambazo msitu mkubwa ulifika huku. Ukisimama ndani unasikia majani yakidondosha maji. Ukitembea kidogo tu kuelekea mashariki, unatokea kwenye miiba na vumbi na mbuzi. Mti wangu hauoti porini popote Kenya isipokuwa katika kona chache za mto huo. Jina lake la Kilatini nalijua na nalitamka bila kujikwaa, lakini sitaliandika, kwa sababu miti iliyobaki ni michache na wakata mbao nao wanajua kusoma.

Kinachoufanya uwe mgumu ni mbegu yake. Mbegu ya mgunga inaweza kukaa miaka ndani ya mavi ya mbuzi, ikanyeshewa siku moja, ikaamka. Mbegu ya mti huu iko hai kama samaki alivyo hai. Ikikauka imekufa, na huwezi kuiweka ghalani ukingoje wakati mzuri. Ikidondoka, lazima uishughulikie hapo hapo. Na mti wenyewe haukuwa umezaa kwa misimu kadhaa.

Ulipozaa, aliyeniita ni mama mmoja wa watu wa mtoni, mkulima wa migomba, ambaye shamba lake linapakana na ile miti. Nilikuwa nimempa namba yangu ya simu mara nyingi kuliko alivyohitaji. Nilipofika alinipeleka moja kwa moja ukingoni. Mafuriko ya masika yalikuwa yamemega shamba lake vibaya. Mti mmoja, mkubwa kuliko wote, ulikuwa umelala majini mizizi ikitazama juu. Iliyosalia ungeweza kuikumbatia yote kabla chai yako haijapoa.

"Wewe ndiye yule wa cheti?" aliniuliza, ingawa alikuwa ananijua.

"Ndiye mimi, mama."

"Cheti kinashika udongo?"

"Mizizi ndiyo inayoshika. Na mizizi mimi naweza kuileta."

"Haya, sikiliza. Kuna mtu wa pampu, anataka kukodi hapa mpaka majini, alime nyanya. Atafyeka yote hii, na pesa atanipa kila msimu. Nimemwambia angoje vuli. Ukiniletea miche ya kupanda huu ukingo wote mvua ya vuli ikianza, namfukuza na pampu yake. Usipoleta, mimi nina watoto wa kulisha. Atafyeka na hii mizee pia."

"Nitaleta."

"Usiniapie. Okota, kabla tumbili hawajakuta."

Niliokota mpaka mgongo ukakataa. Nilizitia mbegu ndani ya gunia pamoja na matope na majani mabichi ya mgomba, nikalilowesha gunia mtoni, nikapanda nalo juu ya lori la ndizi lililokuwa likielekea mjini.

Kabla ya mji kuna kizuizi cha usalama. Wote mnashuka, mnapanga foleni, kitambulisho mkononi, na jua linakukagua kabla ya askari. Afisa aliyekuwa zamu alikuwa kijana wa bara, amechoka, midomo imepasuka. Alipita mbele ya watu wote, akaja akasimama mbele ya gunia langu, ambalo lilikuwa linadondosha maji ya kahawia barabarani.

"Hii inavuja nini?"

"Ni mbegu, afande. Mbegu za mti."

"Tangu lini mbegu ikavuja?"

"Hizi lazima zilowe. Zikikauka zinakufa."

Aliniangalia kama mtu aliyekwisha kusikia hadithi zote. Akaonyesha lami kwa fimbo. "Mwaga hapo, nione."

Ile lami ilikuwa inaweza kukaanga yai. Nilimweleza kwa utulivu kwamba mimi ni mtaalamu, nina diploma ya misitu, na picha ya cheti ninayo kwenye simu.

"Na mimi niko na digrii," alisema, "na bado nimesimama kwa jua. Mwaga."

Utingo wa lori alinifanyia ishara ya macho nimwage yaishe. Nilikuwa naona mbegu nilizozingoja misimu kadhaa zikienda kukaangwa kwa sababu ya mtu mmoja kutoniamini, na kubishana na mwenye bunduki si jambo ambalo chuo kilitufundisha. Nikapiga goti. Nikaliburuta gunia chini ya lori, mahali penye kivuli, nikatandika majani ya mgomba, nikamwaga pale.

"Kagua hapa, afande. Nitakushikia tochi."

Alisita, kisha naye akainama. Alizichokora kwa fimbo, moja moja, zile mbegu zenye ganda la vipele kama mgongo wa chura, polepole, huku mimi nikizihesabu pumzi zangu ili nisiseme neno la kuharibu. Mwisho akasimama, akajipangusa magoti.

"Funga. Huo mti ukimea, uniletee mmoja hapa, nipate kivuli."

Nilimwambia ataupata. Sikumwambia kwamba huo kivuli ungempata akiwa amestaafu.

Nililiweka gunia kwa Eedo, upande wa jikoni, penye baridi, nikamwambia ni mbegu zangu na asiruhusu mbuzi wa jirani kusogea. Kesho yake nikaenda kutafuta mchanga wa mto na mifuko ya kuoteshea. Nilirudi baada ya adhuhuri. Gunia lilikuwa limefuliwa na kuanikwa kwenye ua. Mbegu zilikuwa juu ya mkeka, katikati ya uwanja, zimetandazwa vizuri ili hata moja isifichwe jua na mwenzake. Zilikuwa zimekuwa nyepesi. Ukizishika zinagongana kama kokoto.

Eedo alikuwa amekaa kivulini na fimbo ya kufukuzia kuku.

"Zilikuwa zinaoza," alisema. "Zilikuwa zimeanza kunuka. Nimekuanikia tangu asubuhi."

Lazima mtu aelewe alichokuwa amefanya. Huyu ni mwanamke aliyeanika nyama ya mifugo iliyokuwa inakufa kwa ukame, akaikata nyembamba kama kamba, akaikaanga na kuihifadhi ndani ya samli, na kwa nyama ile tulivuka mwaka ambao wengine hawakuvuka. Ameanika ngozi, ameanika mahindi ya msaada yaliyolowa kwenye lori. Katika maisha yake yote kitu chenye maji ndicho kilichoharibika, na kilichokauka ndicho kilichookoka. Alikuwa ameziokoa mbegu zangu kwa kila alichokuwa anakijua.

Na Eedo hapaziwi sauti. Sikupaza.

"Ahsante, Eedo," nilisema. "Hizi huwa zinakaa kivulini."

Alinisoma uso. Fimbo ya kuku ilishuka ikalala mapajani mwake.

Nilizilowesha zote, nikazipanda zote, hata zile zilizokuwa zinaelea kama ganda la njugu. Siku zikapita, mifuko ikabaki myeusi na mitupu, na kila aliyepita alichungulia uani akaniuliza kama miti imeanza kuzaa embe. Kisha moja ikatoka. Kisha nyingine, upande mwingine. Zilipomaliza kutoka zote za kutoka, zilijaa meza moja ya jikoni, na meza ya Eedo si kubwa. Nilipiga hesabu ya ukingo wa yule mama wa migomba. Zilitosha, kama hakuna hata moja itakayokufa.

Mti huu una tabia moja ambayo ilinitesa. Majani yake mapya hutoka yakiwa ya rangi ya waridi, laini, yananing'inia kama kitambaa kilicholowa, na hukaa hivyo mpaka yakomae na kuwa kijani. Ndivyo yalivyo. Huo si ugonjwa. Lakini nenda ukaieleze Garissa hivyo.

"Warya, we kijana, miche yako imezimia," mwenye duka la nguo alisema. "Ipepee."

"Inasali," mjomba akasema. "Iko kwenye rukuu. Usiipepee, usije ukaivunjia sala."

Nilikuwa bado najibu mizaha hiyo wakati mifereji ilipokauka. Mto ulishuka mpaka mahali pa kuvutia maji pakabaki matope, na mtaa wetu uko mbali na mto, mwisho wa mabomba. Watu walirudi kwenye mikokoteni. Punda wa mjomba walitembea tangu alfajiri, na mbele ya kila lango kulikuwa na mitungi ya manjano iliyopangwa kama watu. Mimi nilinunua maji kama kila mtu, nikayagawa: ya Eedo, ya jiko, ya miche. Nikawa nanyunyiza kwa kopo lililotobolewa tundu.

Mama jirani, mwenye watoto wengi na mume aliyekuwa akifanya biashara upande wa Liboi, mpakani, alisimama langoni asubuhi moja na mtungi mtupu akanikuta nikinyunyiza.

"Unanywesha mti?" aliuliza.

Nilianza kumwambia kuhusu ukingo wa mto, nikasikia jinsi maneno yangu yalivyokuwa yanasikika.

"Mwanangu ameomba maji usiku nikamwambia alale," alisema. Hakuwa amekasirika; angekasirika ingekuwa nafuu. "Wewe unanywesha mti."

Nilimjazia mtungi kutoka kwenye pipa letu, akaondoka bila kunishukuru, na alikuwa na haki. Siku hiyo sikumwagilia. Wala iliyofuata. Sasa kwenye meza ile kulitokea jambo ambalo wao hawakuweza kuliona. Wao waliona miche iliyoinama, kama siku zote. Mimi niliona majani ya kijani, yale yaliyokwisha kukomaa, nayo yakianza kuinama. Katika mtaa mzima mimi peke yangu nilijua tofauti ya kuinama huku na kule, na kujua huko hakukunisaidia chochote.

Jioni ile nilikuwa nimekaa na mjomba kwenye ubao wa nje ya msikiti. Adhana ya magharibi ikaanza. Alichukua birika lake, akachuchumaa, akatia udhu: mikono, kinywa, pua, uso, mikono hadi viwikoni, kichwa, miguu. Maji yakamtiririka hadi vumbini, yakafanya doa jeusi, doa likanywewa na ardhi. Hayana sabuni, hayana chumvi. Mara tano kwa siku, kila mtu mzima mtaani kwetu alikuwa anafanya doa kama lile.

Baada ya sala nilimwambia. Alinisikiliza akiwa ameziba mdomo kwa kanzu.

"Abti, unataka nije nioshe miguu yangu juu ya diploma yako."

"Juu ya miche."

"Uliza kwanza kama inafaa."

Imamu alisema maji yaliyogusa mkono wa Mwislamu si najisi, na mti hauna ubaguzi. Mjomba alifikiri, akachezea ndevu zake zenye hina.

"Nitakuja," alisema. "Lakini tuelewane. Sikupi. Sadaka nampa maskini, na wewe umetuambia mara nyingi kwamba si maskini. Nakukopesha. Kama mtu anavyokukopesha ngamia wa maziwa: unakamua, unanywa, na mwisho ngamia anarudi kwa mwenyewe. Maji yangu yatarudi."

"Yatarudi."

"Kwa mkono wako?"

"Kwa mkono wangu."

Angenipa bure ningeyakataa, naye alijua. Wengine walipopata habari, wakasema nao wanakopesha. Hakuna aliyetaka kunipa. Nilitoa meza, nikapanga miche chini, duara, ndani ya karai pana, na katikati nikaweka kigoda. Mtu anakuja na birika lake, anakaa kwenye kigoda, anaosha, na maji yake yanaangukia miche badala ya vumbi. Mwenye duka la nguo alikuja alasiri ya kwanza, akaiambia miche ifumbe macho anapoosha miguu. Imamu alikuja. Hata mama jirani alikuja, na birika dogo, akanawa kwa maji kidogo kuliko wote, akihamisha mikono yake polepole ili kila mche upate tone.

Majani ya kijani yakainuka. Lakini kati ya alfajiri na adhuhuri kuna mwanya mrefu, na huo ndio wakati ambao jua la Garissa hufanya kazi yake. Udongo ndani ya ile mifuko myeusi ulikuwa unakauka kabla ya saa nne asubuhi. Nilifunika kwa magunia, nikasogeza karai kufuata kivuli cha ukuta, na bado nikaona ncha za majani zikigeuka kahawia.

Asubuhi moja, jua likiwa limekwisha kupanda, nilimkuta Eedo amekaa kwenye kigoda na birika.

"Adhuhuri bado, Eedo."

"Nasali dhuha," alisema. "Mwanamke wa umri wangu anapaswa kusali dhuha."

Tangu utoto wangu sikuwahi kumwona akiisali sala ile, ambayo si ya lazima. Kuanzia siku hiyo hakuiacha. Mkeka aliotandika ni uleule wa mbegu. Hatukulizungumza jambo hilo, wala hatujalizungumza mpaka leo.

Hivyo tukasogea, tone kwa tone, kuelekea vuli. Yule mama wa migomba alinipigia simu akauliza kama miche iko hai, maana mtu wa pampu alikuwa amekuja kupima shamba kwa kamba. Nilimwambia iko hai na ina afya. Sauti yangu haikutetemeka. Nilipokata simu nikaenda kuihesabu miche upya.

Kisha mamba akamchukua punda mmoja wa mjomba. Maji yalipopungua mamba walibanwa kwenye madimbwi machache yaliyobaki, na wanyama wote wa wilaya nzima walikuwa wanashuka kunywa hapo hapo. Punda alikuwa anajaziwa pipa. Mjomba alisimamisha mikokoteni yote. Ilipofika adhuhuri hakukuwa na mtaa wenye maji ya kutosha kunywa, sembuse ya kunawa, na imamu akatangaza kwenye kipaza sauti kwamba watu watayamamu: wapige viganja kwenye vumbi safi, wapake uso na mikono. Dini ni nyepesi, alisema. Na ni kweli. Niliwatazama majirani zangu wakipiga vumbi kwa roho safi, na katika karai langu hakuna aliyekaa.

Alasiri vumbi. Magharibi vumbi. Alfajiri vumbi. Nilishika udongo wa mche mmoja ukapukutika kutoka kwenye mzizi.

Nilimwendea mjomba kabla jua halijachomoza vizuri.

"Nipe mkokoteni na punda."

"Mamba ameshakula diploma ngapi?" aliuliza, lakini macho yake hayakuwa na mzaha.

"Nitachota kwa ndoo na kamba, kutoka juu ya ukingo. Punda hatashuka majini."

"Na wewe?"

"Wala mimi."

Alimfunga punda mwenyewe, akakaza kila kamba mara mbili. "Huyu pia ni mkopo," alisema. "Arudi na miguu minne."

Nilichota kutoka juu ya ukingo mpaka viganja vikachubuka, ndoo ikirudi nusu matope. Kuna mara moja maji yalipasuka pale ndoo ilipotua na kamba ikavutwa, nikaiachia, nikapoteza ndoo na kamba yake, nikafunga mtungi kwa kamba ya akiba. Punda alitetemeka ngozi yote lakini hakuvunja kamba. Pipa lilijaa.

Kurudi ndiko kulikokuwa kugumu. Barabara nzima ilikuwa na watu na mitungi. Hakuna aliyenizuia. Walisimama tu kando, wakaangalia pipa. Mtu akikusimamisha kwa nguvu unaweza kumkatalia. Mtu akikuangalia hivyo huwezi. Nilisimama. Nikajaza. Nikasogea, nikasimama tena, nikajaza tena. Mama jirani nilimjazia mitungi yote aliyokuwa nayo. Nilipofika uwanjani kwetu, nilipoinamisha pipa, kilichotoka kilijaza sufuria moja na birika moja.

Sufuria ilikuwa ya kunywa, hilo halikuhitaji mjadala. Eedo alilitazama birika, akanitazama mimi, akatazama karai. Miche ilikuwa imelala, ya waridi na ya kijani pamoja, na sasa hata mtu wa mtaani angeweza kuona.

"Dhuha bado haijapita," alisema.

"Imamu amesema vumbi linatosha, Eedo. Weka hayo, unywe jioni."

"Imamu amesema kwa asiye na maji. Mimi ninayo."

Akakaa kwenye kigoda. Aliosha kila kiungo mara tatu, kikamilifu, kama mtu anayekwenda kuonana na mwenye enzi, akigeuza viwiko vyake huku na huku juu ya mifuko, na birika lilipoisha alilitikisa. Kisha akasali. Mimi nilikaa kando ya karai mpaka adhuhuri nikipepea miche kwa jalada la faili langu la chuo. Ndiyo, nilipepea. Mwenye duka alipita akaniona, na siku hiyo hakunitania.

Hakuna mche uliokufa. Nasema hivyo kwa kujisifu kwa sababu ninastahili kujisifu. Mvua ilianza milimani kabla ya kufika kwetu, mto ukapanda, mikokoteni ikarudi, na mifereji ikaanza kukohoa hewa, kisha matope, kisha maji. Mawingu ya vuli yalipojikusanya nilipakia miche kwenye lori la ndizi likirudi tupu. Tuliipanda na yule mama ukingoni mwote, yeye akichimba, mimi nikipanda, na mtu wa pampu alisimama mbali na kamba yake ya kupimia mpaka akachoka akaondoka. Mama yule aliushika mche wa mwisho kwenye jani lake la waridi.

"Huu umekufa," alisema.

"Haujafa. Ndivyo ulivyo."

"Nitakupigia simu ukifa."

Mpaka leo hajapiga.

Nilirudi Garissa na madeni. Ijumaa iliyofuata niliazima tangi la maji la magurudumu, nikalijaza mferejini, nikalisukuma mwenyewe mtaani, mlango kwa mlango. Kila aliyenikopesha nilimjazia pipa lake hadi ukingo, kisha nikamwomba akae, nikammiminia udhu kwa mkono wangu, kama mdogo anavyommiminia mkubwa. Mwenye duka la nguo alitaka kukataa, nikamwambia akae. Imamu aliniombea dua. Mama jirani alikuwa na aibu ya kumiminiwa na mwanamume, basi nikampa binti yake mkubwa birika amiminie, mimi nikashika pipa lisipinduke. Eedo alisema hakunikopesha kitu, alikuwa anasali tu. Nilimmiminia pia.

Mjomba nilimwacha wa mwisho. Alikuwa amekaa mbele ya zizi la punda wake. Nilijaza hori kwanza, kwa ajili ya yule punda, naye akaja akanywa bila haraka, masikio yakienda mbele na nyuma. Kisha nikajaza pipa. Kisha mjomba akavua viatu, akakunja mikono ya kanzu, akanyoosha viganja, nami nikamimina.

Alinawa polepole. Polepole kuliko sunna inavyotaka, polepole kuliko nilivyowahi kumwona, kidole kwa kidole, akisimama kila baada ya kiungo, akiniacha nimeinama na birika zito mgongo ukiuma. Nilimimina bila kulegeza mkono. Alipomaliza mguu wa kushoto alisimama, akayakung'uta maji, akanitazama kutoka juu hadi chini.

"Umelipa," alisema.

Nikamwambia najua.